Maprofesa Wawili, Neno Moja

4 Februari

Mdogo wangu Kasuku,

Usikunje uso kwa jina hilo. Nilikupa mimi, ulipokuwa unarudia kila nilichosema, na jina ulilopewa na kaka yako, chuo kikuu hakiwezi kulifuta.

Mama hajambo, vitunguu vyake havijambo, mimi ndiyo usiseme. Najua una simu. Mimi pia ninayo. Lakini simu haimfai mtu mwenye mengi ya kujisifia: unafika patamu, salio linakata. Barua haikati.

Nianze na lalamiko. Kile kipindi chako cha lugha redioni kimenivunjia nyumba. Miaka yote Jumamosi asubuhi soko lilikuwa linakuja kwenye meza yangu ya kutengenezea saa, niwasomee gazeti na kuwafafanulia dunia. Siku hizi wanakwenda kwa Mzee Mitumba, yule muuza viatu mwenye redio kubwa, wanakuinamia kama kuku kwenye pumba. Jumamosi iliyopita nimemsomea gazeti mbuzi. Naye alipochoka akala ukurasa wa michezo.

Sisemi nina wivu. Mtu aliyezunguka na timu ya mpira miji saba, mbeba mipira mkuu, akalala hoteli yenye lifti, amwonee nani wivu? Nakukumbusha tu utaratibu. Wewe umekuwa Profesa mwaka juzi, kwa makaratasi. Mimi watu waliniita Profesa siku ya kwanza nilipoweka lenzi jichoni kufungua saa, na wewe wakati huo ulikuwa unakwenda shule na soksi moja. Profesa wa kwanza wa ukoo huu ni nani? Jibu unalo.

Sasa habari yenyewe. Baraza la mji limebandika tangazo kwenye geti la soko. Watu wakalitazama kama wanavyotazama bili ya hospitali, mwisho wakasema, "Mwiteni Profesa." Si wewe. Mimi. Nikavaa lenzi, ingawa ya kusomea si ile, nikasoma: "Soko hili litahuishwa ili kukidhi mahitaji ya wakati." Anayekubali asaini, asiyejua kusaini aweke dole gumba.

Mzee Mitumba akauliza, "Profesa, huisha si ndiyo kuisha? Kama tunavyosema, mambo huisha?" Nikacheka mpaka nikashika meza. Nikamwambia: "Ndugu yangu, rudi kwenye viatu. Kuhuisha ni kutia uhai. Kilicholala kinaamshwa. Tutawekewa paa, tutawekewa taa, choo kitafunga mlango." Wakanipigia makofi. Mama alikuwa wa kwanza kuweka dole, akalipuliza wino ukauke kwa maringo, mwanawe ndiye msomaji.

Wewe na vyeti vyako, umewahi kupigiwa makofi kwa ajili ya kitenzi kimoja?

Kaka yako,
Profesa wa Kwanza


13 Februari

Kaka,

Shikamoo. Nimepokea barua yako. Nakurudishia pamoja na hii. Makosa ya tahajia nimeyazungushia kalamu nyekundu. Usichukie, ni mazoea ya kazi.

Kuhusu tangazo: kwa nini hukuniuliza kwanza? Neno kama lile si la kila siku. Una mdogo wako wa kike anayefundisha lugha, anayesikilizwa na nchi nzima, na hukufikiria hata kidogo kumwuliza. Unalifafanua palepale getini, tena paa na choo umeongeza mwenyewe. Tafadhali Mama asiweke dole mahali pengine popote.

Na hilo la Mama ndilo linaloniuma. Kila nikimpigia kumweleza jambo, hata la taaluma yangu, ananisikiliza nusu halafu anasema, "Ngoja nimwulize kaka yako." Nimeandika vitabu vitatu. Kimoja kiko chini ya mguu wa meza yake ya vitunguu, nimekiona kwa macho yangu nilipokuja likizo.

Mdogo wako


21 Februari

Kasuku,

Barua ya kaka unaizungushia wekundu? Nimemwonyesha Mama, nikamwambia, "Tazama, mwanao amenitia surua."

Hicho kitabu chini ya meza nilikiweka mimi. Meza ilikuwa inayumba, nikatafuta kitu kizito. Hiyo ni sifa, ungejua kuipokea.

Ati kwa nini sikukuuliza. Nikuulize nini? Maana niliyotoa ina kasoro gani? Nimekwenda kwa mwalimu mkuu mstaafu, akafungua kamusi: kuhuisha, kutia uhai. Neno kwa neno kama nilivyosema! Kwa hiyo, mdogo wangu, hilo lililokukaa kooni lina jina, na jina lenyewe halihitaji kamusi. Wivu. Pole sana. Kunywa maji.

Profesa wa Kwanza


10 Machi

Mdogo wangu,

Leo sitanii sana.

Wamekuja vijana wa baraza na makopo ya rangi. Wamepiga alama ya X nyekundu kwenye kila kibanda na kila meza. Ya Mama wameipiga mbele, ya kwangu wameipiga juu ya kioo, sasa saa zote humo ndani zinaonekana zimekatwa shingo. Tumemuuliza mkubwa wao, "Hii rangi ndiyo uhai wenyewe?" Akasema soko linavunjwa mwezi wa tano, pajengwe jengo la maduka ya vioo, sisi tutatafutiwa mahali "baadaye". Tukamwambia hatukukubali. Akafungua faili: saini zetu, madole yetu. La Mama juu kabisa, zuri, limekauka vizuri.

Unajua watu walifanya nini? Hawakumtazama yule mkubwa. Walinigeukia mimi. Mwuza nyanya akasema, "Profesa, uhai gani huu wenye msalaba?" Mzee Mitumba, ambaye angeweza kunimaliza kwa neno moja, alinipa mgongo. Alikwenda kufuta viatu vyake. Heri angenitukana.

Kuna kikao cha mapingamizi, tarehe 17 Aprili, ukumbi wa baraza. Mkubwa yule anasema hatutashinda, kwa sababu tulisomewa, tukaelewa, tukasaini. Na aliyesoma ni mimi.

Basi nakuuliza. Unaona? Nimeandika: nakuuliza. Sijawahi kukuuliza kitu tangu uzaliwe isipokuwa ulipoficha viatu vyangu. Neno hili limefanyaje? Lilitoka getini likiwa na maana moja, likafika ofisini na maana nyingine. Limebadilikia wapi?

Kaka yako


16 Machi

Kaka mpendwa,

Shikamoo, na pole sana kwa yaliyowapata.

Kitenzi "huisha" kina asili ya Kiarabu, na kina uhusiano wa karibu na neno "hai". Katika matumizi ya kisasa, hususan katika nyaraka za kiutawala, maana yake imepanuka, ikajumuisha kufanya upya, kurekebisha, na hata kuondoa cha zamani ili kipya kichukue nafasi. Huu ni mchakato wa kawaida wa lugha zote hai. Wataalamu hutofautisha baina ya maana ya msingi na maana ya muktadha, na si sahihi kumlaumu mtumiaji mmoja wa neno pale jamii pana inapokuwa bado haijaafikiana juu ya mipaka yake. Aidha, tangazo hupitia mikono mingi kabla ya kuchapwa, na kila mkono una mchango wake, kiasi kwamba suala la nani hasa aliandika nini ni gumu kulijibu kitaaluma.

Natumaini maelezo haya yatawasaidia katika kikao.

Mdogo wako


22 Machi

Mwanangu,

Haya ni maneno yangu mimi mama yako, anayeandika ni kaka yako. Nimemwambia aandike ninavyosema, asipunguze. (Sipunguzi. Kaka.)

Barua yako amenisomea mara mbili. Hakuelewa. (Nilielewa. Nilikuwa namrahisishia.) Mimi sikuelewa maneno, lakini nimekuelewa wewe. Ulipokuwa mdogo ulivunja chupa ya taa. Nilipouliza nani kavunja, kaka yako alisema, "Si mimi," akakimbia. (Kweli haikuwa mimi.) Wewe ulisimama mbele yangu ukanieleza habari ya upepo, na meza, na taa za siku hizi zinavyotengenezwa na vioo vyepesi. Uliongea mpaka wali ukaungua. Nikajua ni wewe.

Hotuba hii ni ile ile.

Wewe ni mtoto mwenye akili kuliko wote niliowaona. (Nimeandika kama alivyosema. Mkono unaniuma.) Kaka yako ana mdomo, wewe una akili. (Nimemwambia arudie, nikidhani nimesikia vibaya. Amerudia.) Kwa hiyo nakuuliza swali fupi, unijibu jibu fupi. Lile neno la getini ni lako?

Mama yako


29 Machi

Mama, Kaka,

Ni langu.

Baraza liliniita mwaka jana, nikae na wakubwa, niwapitishie lugha ya nyaraka zao. Nilifurahi, Kaka. Unajua nimefundisha miaka mingapi bila mtu wa serikali kuniuliza hata jina la jani? Siku ile niliwekewa kiti na kibao chenye jina langu. Karatasi iliyokuja mbele yangu ilisema: "Soko hili litabomolewa." Mkurugenzi akasema, "Profesa, hili ni kali, tutafutie lenye staha." Nikachukua kalamu. Kilichonichukua muda ni kuchagua, maana kukataa sikukufikiria.

Ningeweza kuandika "litajengwa upya", kila mtu angeelewa nusu yake. Nikachagua hilo. Nitakwambia kwa nini, halafu unaweza kuichana barua.

Nilijua ni soko gani. Nilijua nani ataitwa getini. Nilikuona akilini na lenzi yako, umezungukwa na watu, Mama amesimama nyuma yako anatabasamu. Nikasema moyoni: hili hatalijua. Hili atakwama nalo mbele yao wote, na safari hii atanipigia mimi. Mama atasikia akisema, "Ngoja nimwulize mdogo wangu." Ndivyo nilivyotaka. Ungeuliza tu, ningekueleza yote, na dole la Mama lisingegusa wino. Tangazo lilipobandikwa nilikaa na simu mkononi wiki nzima.

Hukupiga. Ulilijua! Maana uliyotoa ni sahihi kabisa, Kaka, na ndiyo ubaya wa neno lenyewe. Halikuwa na kosa hata moja la kuzungushia kalamu nyekundu.

Mwanao,
mdogo wako


3 Aprili

Kasuku,

Kikulacho ki nguoni mwako, nami nguo zangu zote nilikuwa nimezikung'uta isipokuwa hiyo.

Sina utani leo. Kikao ni tarehe 17, saa nne. Nitasimama mwenyewe niwaambie nilidanganyika. Usije kwa ajili yangu. Nina mdomo, Mama kasema.

Bado sijawaambia watu neno ni la nani. Nilifungua mdomo mara mbili. Kila mara nikasikia nitakavyoonekana: Profesa aliyetapeliwa na mdogo wake. Nikaufunga.

Na mimi ningepiga simu, unajua. Mzee Mitumba alipouliza lile swali lake, kitu kilinigusa. Nikajiambia, mpigie yule mtoto. Halafu nikakumbuka watu walivyo kila Jumamosi kwenye kipindi chako, nikasema hapana, leo ni zamu yangu.

Kaka


20 Aprili

Mdogo wangu,

Uliondoka na basi la jioni kama mtu aliyeiba mkutano. Hukunywa hata chai. Kwa hiyo nakuandikia yale usiyoyaona, maana ulikuwa umesimama mbele, na aliyesimama mbele haoni kitu ila meza.

Kwanza, nilikuona ulipoingia. Ukakaa safu ya nyuma na mtandio umeushusha mpaka kwenye nyusi, kama mkopaji anayepita dukani. Nikajua umekuja kusikiliza tu. Nikasema, sawa, woga nao una haki ya kukaa kwenye kiti.

Halafu yule karani, Mungu ampe maisha marefu na kichwa kile kile, akasoma karatasi yake: "Sasa tumsikilize Profesa." Karatasini alikuwa na jina langu la sokoni, nililiandikisha mwenyewe. Nikasimama. Nikasikia na kiti cha nyuma kimelia. Soko zima likageuka. Mimi nimesimama na lenzi shingoni, wewe umesimama na mtandio mkononi. Mwenyekiti akauliza, "Profesa yupi?" Na watu wetu, waliokuwa hawajui kitu, wakaita kwa sauti moja, "Wetu!"

Kasuku, pale ndipo nilipokuwa na dunia nzima mkononi. Hotuba yangu nilikuwa nimeikariri mpaka kikohozi. Kulikuwa na vipaza sauti! Sijawahi kukaa chini mtu akiniita Profesa. Nilikaa. Magoti hayakutaka, niliyavunja kama ya ngamia.

Na wewe ukapita mbele, ukasema maneno machache kuliko kwenye redio ukisema habari za asubuhi. "Neno kuhuisha ni langu. Karatasi ilikuwa imeandikwa kubomoa. Niliambiwa nilitafutie neno la staha, nikalivisha nguo ili hawa wasilitambue. Aliyewasomea aliwasomea vizuri. Hawakudanganywa na msomaji, walidanganywa na mwandishi." Mkurugenzi akakukatiza, akasema neno limo kwenye kamusi, raia wana wajibu wa kusoma. Ukamjibu, "Mheshimiwa, ndiyo maana nililichagua. Aliyelifahamu vizuri kuliko sisi sote ni muuza viatu, na kaka yangu alimcheka, nami ningemcheka." Sasa Mzee Mitumba anatembea sokoni kifua mbele, anadai cheo.

Madole yamefutwa, umesikia. Tangazo litaandikwa upya kwa neno la wazi, na atakayetaka kusaini asaini. Watu walinibeba juu mpaka nje. Nilidhani wananipeleka kwangu, kumbe wanakutafuta wewe, mimi walinitumia kama bendera.

Nina hasira nawe bado. Itakaakaa kidogo, iondoke yenyewe, usiisukume. Lakini nilikuwa na wivu pia, pale kwenye kiti, ukiongea. Si wivu wa makofi, hao walikuwa hawajapiga. Ulikuwa unatetemeka mikono na ukaendelea. Mimi sijawahi kusema kitu nikitetemeka. Mimi husema vile ninavyojua vitapendwa.

Kaka yako


2 Mei

Kaka,

Shikamoo. Nimeisoma barua yako ofisini, nikalazimika kufunga mlango.

Kipindi cha redio wamekiondoa. Barua yao ilisema "kinahuishwa". Nilicheka peke yangu mpaka katibu akabisha hodi. Kibao chenye jina langu pale baraza nacho sikitegemei tena. Darasani bado nipo. Wanafunzi wameanza kuniuliza maswali wasiyokuwa wakiniuliza zamani, na wanakaa mpaka nijibu.

Lakini nina jambo limenikaa. Nilipotoka ukumbini Mama alinishika mkono, akanitazama, nikasema basi, leo. Leo ndiyo siku. Akasema, "Umesema vizuri mwanangu. Kama kaka yako."

Sijui kama nitakusamehe hilo.

Mdogo wako


12 Mei

Kasuku,

Niliposoma alichokuambia Mama nilimpelekea ndizi. Mwanamke ana haki.

Tangazo jipya limebandikwa. Wameniita getini. Nimesoma: "Soko hili litabomolewa. Wafanyabiashara watahamishiwa uwanja wa nyuma." Hakuna aliyeniuliza maana. Nilibaki na lenzi yangu kama daktari kwenye nyumba ya wazima. Na hakuna aliyesaini. Wamesema kwanza vibanda vya uwanja wa nyuma wavione vimesimama, na paa, na choo kinachofunga mlango. Choo nilikisema mimi, kumbuka. Baraza limesema litafikiri. Basi na tufikiri wote.

Sasa sikiliza. Jumamosi, saa ya kipindi chako, redio ya Mzee Mitumba ilipiga muziki. Watu wakarudi kwenye meza yangu, wote, kama zamani. Nikafungua gazeti. Nilikuwa nimeisubiri siku hiyo tangu mwaka juzi. Nikasoma habari ya kwanza, sikuona raha. Ya pili, hivyo hivyo. Nikawa nasikiliza muziki ule kwa sikio la pembeni, nikitegemea utaukatiza. Ndugu yangu, kumbe wivu ukikosa wa kumwonea unaanza kukutafuna wewe mwenyewe.

Nimeweka kiti cha pili mezani. Si cha heshima, mguu mmoja ni mfupi, lakini kitabu chako kinatosha chini yake. Njoo.

Kaka


9 Juni

Kasuku,

Umekuja Jumamosi moja, na tazama ulichonifanyia.

Ulisoma gazeti polepole, bila kuongeza paa wala choo. Neno gumu likija ulisimama, ukawauliza wao wanadhani ni nini. Wao! Mwuza nyanya alitoa maana ya "ukwasi" nikabaki mdomo wazi. Mimi nilikuwa nafungua saa ya mkono ya mwalimu mkuu mstaafu, nikaona pia niweke neno langu dogo la ufafanuzi. Na Mzee Mitumba, mbele ya mama yangu mzazi, akaniambia: "Profesa, nyamaza kidogo tumsikie Profesa."

Mama akacheka. Alikusikiliza mpaka mwisho, nilimwona. Hakusema "ngoja nimwulize kaka yako" hata mara moja, na kaka yako alikuwa palepale, umbali wa mkono mmoja tu.

Nilishikwa na wivu mpaka skrubu ikaniponyoka, sijaipata hadi leo. Saa ya watu imesimama kwa ajili yako.

Jumamosi ijayo usichelewe.

Kaka yako,
Profesa wa Kwanza